Stimu Zimekata, Pombe Bado Ipo

Maneno haya niliyasema Jumamosi moja asubuhi, Moshi, mbele ya madereva wa bodaboda na bajaji waliokutana kujiandaa na msimu wa Krismasi. Walioshindwa kufika kwa sababu ya kazi waliomba yaandikwe yote. Nimeyaandika kama nilivyoyasema, pamoja na maswali na vicheko.

Mwenyekiti, wazee wa vijiwe, kaka zangu, wadogo zangu, na dada zangu wawili ninaowaona pale nyuma na kofia ngumu mapajani, habari za asubuhi?

Nimeambiwa nina dakika arobaini, na kwamba nikizidisha mtaanza kuondoka mmoja mmoja kufuata abiria. Sawa. Basi tusizunguke. Nani hapa alikunywa jana usiku?

Mikono sita. Msicheke, wapo walioficha mikono mfukoni na mimi nawaona. Sikuja kuwahukumu. Nimezaliwa Uchagani, nimekulia kwenye nyumba ambayo mbege haikuwahi kukosekana siku ya ubatizo wala siku ya msiba. Kijana wa jaketi jekundu, wewe uliyenyoosha mkono wa kwanza, simama. Ulikunywa ngapi?

“Sita tu, daktari.”

Bia, chupa za nusu lita?

“Ndiyo.”

Ulianza saa ngapi?

“Saa mbili usiku. Nikamaliza kwenye saa sita.”

Na sasa hivi unajisikiaje?

“Freshi kabisa. Stimu zilikata usiku uleule.”

Asante, kaa. Mmemsikia? Amesema stimu zilikata. Hilo neno ndilo lililonitoa nyumbani leo. Nimelisikia miaka yote ya kazi yangu kwenye chumba cha dharura, nikiwa na sindano ya nyuzi mkononi, nikishona mtu anayeniapia kwamba alikuwa mzima. Wala hakuwa anadanganya. Alijisikia mzima kweli. Tatizo ni kwamba stimu na pombe ni vitu viwili tofauti, na kimoja huondoka saa nyingi kabla ya kingine.

Niwape kisa cha nyumbani, maana hiki sikusimuliwa.

Mjomba wangu alikuwa na pikapu. Kulikuwa na harusi ya binamu yangu, na mimi ndiyo kwanza nilikuwa nimemaliza masomo ya udaktari, mjuaji kama mnavyowajua waliomaliza masomo juzi. Mjomba alianza kunywa saa moja usiku. Ilipofika karibu saa mbili, chupa ya pili ikiwa mkononi, aliniita. Uso umechangamka, anacheka na kila mtu, anaongea kwa sauti. Akatoa funguo za gari, akaniwekea kiganjani, akasema: “Mwanangu, shika hizi. Nimeshachangamka, leo siendeshi.” Nilimheshimu sana kwa hilo. Mtu mzima anajijua.

Akaendelea. Chupa ya tatu, ya nne, ya tano. Saa nne akaacha. Akala nyama, akakaa, akaongea na wazee wenzake, akacheza kidogo na bibi harusi. Saa saba usiku akanifuata. Sauti imetulia. Anatembea sawasawa, hajikwai, maneno yamenyooka. Akasema: “Mwanangu, nipe funguo. Stimu zimekata.”

Mimi, daktari, nikamwangalia. Nikamwona mzima. Nikampa.

Aliingia mtaroni kwenye kona ambayo ameipita maisha yake yote. Mungu alisaidia, alikuwa peke yake, akavunjika mfupa wa bega. Hakuna aliyempima kilevi usiku ule. Lakini baadaye nilikaa na kalamu nikapiga hesabu, na hesabu hiyo mtaifanya wenyewe muda si mrefu. Saa mbili, alipokuwa anacheka na kujikataza kuendesha, damu yake ilikuwa na kilevi kisichozidi miligramu 60 hivi katika kila mililita 100. Saa saba, alipokuwa ametulia kama mchungaji wa kanisa, ilikuwa na kama miligramu 120.

Nirudie, maana huko nyuma nasikia mnanong'ona. Alipojisikia amelewa, alikuwa na 60. Alipojisikia mzima, alikuwa na 120. Alinipa funguo akiwa na pombe kidogo, akazidai akiwa na mara mbili yake. Na kikomo cha sheria yetu ya usalama barabarani kwa dereva wa kawaida ni miligramu 80.

Inawezekanaje? Mtu ana pombe nyingi zaidi mwilini halafu anaiona chache?

Aliyeliona hili na kuliandika ni Mwingereza, Edward Mellanby, mwaka 1919. Huyu Mellanby ndiye yule aliyeonyesha kwamba mafuta ya ini la samaki yanazuia matege kwa watoto, kwa hiyo hakuwa mtu wa mchezo. Upande wa pombe aliwatumia mbwa. Aliwapa kilevi, akawa anachukua damu yao kila baada ya muda kupima imefika ngapi, na huku anaangalia wanavyotembea. Pombe ilipokuwa inapanda kwenye damu, mbwa akifika kiwango fulani anaanza kuyumba, miguu ya nyuma inamkataa. Kiwango kikaendelea kupanda, kikafika kilele, kikaanza kushuka. Mellanby akasubiri mpaka damu irudi kwenye kiwango kilekile cha kwanza. Mbwa yuleyule, kiwango kilekile. Safari hii mbwa anatembea vizuri.

Wakati wa kupanda anayumba, wakati wa kushuka hayumbi, na kipimo cha damu kinasema namba ileile. Mpaka leo wataalamu wanaliita tukio hili kwa jina lake.

Kuna waliolipinga, na pingamizi lao lina haki kiasi, nisiwafiche. Pombe inapopanda, damu ya ateri inayokwenda kwenye ubongo hutangulia kupata pombe kuliko damu ya vena tunayoichota mkononi. Kwa hiyo sehemu ya lile pengo ni suala la tulichota wapi. Lakini hata ukiliondoa hilo, mazoea yanabaki. Ubongo unaizoea pombe ndani ya kikao kimoja cha kunywa. Haihitaji miaka. Inaanza ndani ya dakika na kujengeka ndani ya saa.

Wangapi mmelelewa kwenye jiko la kuni? Karibu wote. Unaingia jikoni kwa mama, moshi umejaa, macho yanawasha, unakohoa, unataka kukimbia. Unakaa kwenye kigoda unasubiri kiporo kipashwe. Baada ya robo saa umesahau kabisa kama kuna moshi. Je, moshi umeisha? Anaingia mtu mwingine kutoka nje anapiga chafya, anauliza, “Mnawezaje kukaa humu?” Nyinyi mnashangaa anaongelea nini.

Ubongo ukikutana na pombe unafanya hivyohivyo. Pombe ina kazi mbili kubwa kichwani. Inamtia nguvu mtulizaji, kemikali inayopunguza kasi ya mishipa ya fahamu, inaitwa GABA. Na inamziba mdomo mchochezi, kemikali inayoamsha mishipa hiyo, inaitwa glutameti. Ndiyo maana unalegea, aibu inaondoka, unampenda kila mtu. Sasa ubongo haukubali kusukumwa upande mmoja ukakaa kimya. Unasukuma kurudi. Unarekebisha milango ya mishipa yake ili mchochezi asikike tena. Watafiti wa Kijapani mwaka 1997 walichukua panya waliokosa kimeng'enya kimoja, yaani protini ya kuendesha kazi mwilini, kinachohusika na marekebisho hayo, wakawapa kilevi sawa na panya wa kawaida. Wale waliokosa kimeng'enya walilala muda mrefu zaidi. Ubongo wao haukuweza kusukuma kurudi.

Huo msukumo ndio unaoleta hisia ya stimu kukata. Pombe bado iko palepale, ila ubongo umeegemea upande wa pili, ukapatikana usawa wa kuegemeana, kama watu wawili wanaosukumana mlango. Mlango hautikisiki, lakini hakuna aliyeacha kusukuma.

Mnajua siku gani utamwona huyo msukumaji wa pili waziwazi? Ile siku umelala umelewa, halafu saa tisa usiku macho yanafunguka yenyewe. Moyo unadunda. Jasho. Usingizi umekwenda. Wengi wananiambia, “Daktari, pombe inanikatisha usingizi.” Pombe ndiyo iliyokulaza. Kinachokuamsha ni ule msukumo wa ubongo, pombe imepungua nao umebaki unasukuma mlango usio na mtu upande wa pili. Mkono unaotetemeka asubuhi ni yeye huyohuyo. Na ukienda kuzimua na moja ya kutoa kichwa, umemrudishia tu mpinzani wake ili watulizane, halafu siku inaanza na kilevi kipya juu ya kile cha jana.

Mzee mmoja hapa mbele anatikisa kichwa. Unalijua hilo, mzee wangu, naona. (Kicheko.)

Sasa nije kwenye sehemu inayowahusu nyinyi kuliko mtu mwingine yeyote, na hapa naomba mnisikilize vizuri, maana nikiishia nilipofikia mtu anaweza kuniambia: “Vizuri daktari, kama ubongo unajirekebisha, si ndiyo nimekuwa mzima? Kuna ubaya gani?”

Swali zuri. Mimi mwenyewe niliuliza hivyo darasani.

Jibu ni kwamba ubongo haujirekebishi wote kwa pamoja. Baadhi ya sehemu zinarudi mapema, nyingine zinachelewa, na zinazowahi ndizo zile zinazoonekana kwa macho. Miguu inarudi. Ulimi unarudi. Wepesi wa mkono unarudi. Na kinachorudi mapema pia ni ile hisia ya kwamba niko sawa.

Watafiti wamewapima watu kwa mchezo mdogo. Unakaa mbele ya skrini. Ikitokea alama moja, bonyeza haraka. Ikitokea alama nyingine, zuia kidole chako, usibonyeze. Mtu akiwa na pombe, kasi yake inapungua na makosa yanaongezeka. Pombe inaposhuka, kasi inarudi vizuri. Makosa hayapungui kwa mwendo huo. Kidole kimekuwa chepesi tena, lakini uwezo wa kukizuia bado haujarudi.

Nani ataniambia hiyo ni hatari gani kwa mwendesha pikipiki?

Naam. Mkono wa mafuta umepona, mkono wa breki bado. Namshukuru kaka kwa kulisema vizuri kuliko vitabu vyangu.

Fikirieni uko nyuma ya Fuso barabara ya Himo. Unataka kuovateki. Kuovateki kwenyewe unaweza, mwili umerudi. Mtu ambaye hakunywa hatofautishwi na wewe kwa kuweza kupita. Anatofautishwa na ile nusu sekunde ya kusema hapana, hapa kuna kona, narudi nyuma. Hiyo nusu sekunde ya hapana ndiyo inayochelewa kurudi. Ndiyo maana ajali nyingine ninazozipokea hazina maelezo ya ulevi wa kuyumba. Abiria aliyepona ananiambia: “Alikuwa anaendesha vizuri tu, hakuwa amelewa. Ila aliingia.” Alikuwa anaendesha vizuri tu, ila aliingia. Nimeisikia sentensi hii mara nyingi mpaka naweza kuimalizia kabla mgonjwa hajaimaliza.

Mwaka 2017 watafiti wawili, Holland na Ferner, walikusanya tafiti za miaka mingi kuhusu jambo hili la Mellanby wakaziweka pamoja. Walichokipata kinatisha kwa namna yake. Pombe inaposhuka, watu hujiona wamelewa kidogo kuliko walivyojiona ilipokuwa inapanda kwenye kiwango hichohicho. Na huwa tayari zaidi kuendesha gari. Wakati huohuo uwezo unaohitajika kuendesha bado umeharibika. Yaani utayari unarudi kabla ya uwezo. Huyo ndiye mjomba wangu hasa.

Kwa hiyo hisia yako si kipimo. Na macho ya mwenzako si kipimo, maana mimi niliyesomeshwa kwa kodi zenu nilimwangalia mjomba nikamwona mzima. Trafiki akikutazama tu usoni naye anaweza kukuona mzima. Kwa nini kile kifaa chao cha kupuliza kinawasumbua sana? Kwa sababu chenyewe hakijali unajisikiaje.

Basi kama hisia si kipimo, tunatumia nini? Saa ya ukutani. Hapa ndipo tunapiga hesabu, na nyinyi ni watu wa hesabu, kila jioni mnapeleka hesabu kwa tajiri.

Chupa ya bia ya nusu lita, yenye nguvu ya asilimia 5, ina gramu 20 za kilevi, usizidishe usipunguze sana. Mwanamume wa kilo 70 akiinywa, damu yake inapanda kama miligramu 42 kwa kila mililita 100. Mwanamke wa kilo 60 inapanda karibu 60 kwa chupa hiyohiyo, kwa sababu mwili wake ni mdogo na una maji kidogo ya kuizimulia. Dada zangu, hiyo si dharau, ni hesabu.

Ini linaondoa. Linaondoa kiasi gani? Kwa watu wengi ni kama 15 kwa saa. Wapo wa 10, wapo wa 20. Na halibembelezwi. Ukinywa moja linaondoa 15 kwa saa, ukinywa kumi linaondoa 15 kwa saa. Ini ni kama ile mizani ya barabarani, lori moja moja, hata foleni ifike wapi.

Gawanyeni: 42 kwa 15. Karibu saa tatu. Kila chupa moja, karibu saa tatu. Semeni nami.

“Chupa moja, saa tatu!”

Tena.

“Chupa moja, saa tatu!”

Sasa nirudi kwa mdogo wangu wa jaketi jekundu. Una kilo ngapi? “Sabini na kitu.” Safi, umenirahisishia. Sita mara 42 ni 252. Ulianza saa mbili usiku. Leo asubuhi saa kumi na mbili ulikuwa wapi?

“Nilikuwa napeleka wanafunzi, daktari.”

Kutoka saa mbili usiku mpaka saa kumi na mbili asubuhi ni saa kumi. Kumi mara 15 ni 150. 252 toa 150?

“Mia na mbili.”

Mia na mbili. Mtu aliyelala, akaoga, akapiga mswaki, akavaa, akanywa chai, akawasha pikipiki akiwa freshi, na juu ya kikomo cha sheria. Watoto wangapi? Usijibu. Sikukusimamisha ili nikuaibishe. Ungekuwa hujanyoosha mkono tusingejifunza kitu, na nina hakika hukuwa peke yako barabarani saa hiyo.

Niliwahi kumpokea kijana wa umri wako, Jumapili asubuhi, amegongana na mkokoteni wa ndizi. Nikamuuliza kama amekunywa. Akakasirika. “Daktari, leo? Sijagusa! Nilikunywa jana.” Kwake jana ilikuwa imefungwa kama duka. Lakini ini halijui usiku wa manane. Kwa ini hakuna jana na leo, kuna gramu zilizobaki.

Mtaniuliza: kahawa je? Supu je? Kahawa inakuamsha, damu inabaki vilevile. Sasa wewe ni mlevi aliye macho. Supu, maji ya baridi, kutapika saa mbili baada ya kunywa, kukimbia uwanjani, vyote havisogezi ile 15. Kula kabla ya kunywa ni jambo jingine, chakula kinachelewesha pombe kuingia, na Mellanby mwenyewe aliliona hilo kwa maziwa. Lakini hicho ni kizuizi cha mlangoni. Ikishaingia, imeingia. Ndiyo maana wahenga wa baa wanasema pombe si chai.

Kuna jambo la kuchekesha nitalipitia haraka. Mazoea ya ubongo yanafuata hata mahali. Ukinywa kila siku kwenye baa ileile, kiti kilekile, muziki uleule, ubongo unajifunza kujiandaa kabla hata kizibo hakijafunguliwa. Zilezile tano ukizinywa ugenini, kwenye harusi ya mjini usikokujua, zinakupiga kwa namna nyingine. Watu wanasema bia ya huko ni mbovu. Bia ni ileile. Krismasi hii watakuja wageni kutoka Dar, watanywa mahali wasipopazoea, watapanda nyuma yenu usiku wakiwa hawawezi kushika. Hilo mlijue.

Na kuna yule anayesifiwa kijiweni kwamba ana kichwa kigumu. Kumi halewi. Mnamjua, kila kijiwe kina wake. Huyo amevuka mazoea ya usiku mmoja, ana mazoea ya miaka. Hayumbi, haropoki. Lakini damu yake ukiipima ina kila tone alilokunywa, labda ini lake linaondoa kwa kasi kidogo zaidi, si sana. Na kuzoea kule hakufiki sawasawa kwenye sehemu ya ubongo inayoendesha pumzi. Nimempoteza mmoja namna hiyo. Wenzake walimlaza kwenye benchi wakaendelea na karata, kwa sababu walimjua: yule hajawahi kulewa. Walipokuja kumwamsha walikuwa wamechelewa. Mtu akikoroma kwa namna isiyo ya kawaida, hashtuki ukimfinya, mlaze ubavu, usimwache peke yake, mleteni hospitali. Kusifia kichwa kigumu nimekuchoka, nasema kweli.

Mzee wangu umenyoosha mkono muda mrefu.

“Daktari, hesabu zako zote ni za bia. Sisi tunaokunywa mbege je?”

Mzee umenishika pabaya. Bia ina maandishi kwenye chupa. Mbege haina. Inategemea ulezi uliowekwa, ndizi ziliivaje, msesewe, lile gome chungu la mti, na imekaa siku ngapi. Kata ya leo na kata ya kesho kutoka kwenye pipa lilelile si sawa, inazidi kuchacha. Kwa hiyo siwezi kukupa namba na sitakudanganya. Ninachoweza kukuambia ni kwamba ini lako nalo linaondoa 15 kwa saa, liwe la mbege au la bia. Ukishindwa kuhesabu kilichoingia, basi kesho yake usiguse pikipiki mpaka mchana upite.

“Na gongo?”

Gongo tena, mzee? (Kicheko.) Gongo sina hesabu yake, na anayeipika hana pia. Ile inaweza kukutoa macho kabla ini halijaanza kazi.

Mwenyekiti ananionyesha saa. Nimebakiza jambo moja. Nimekuja na kipima ulevi kimoja, na mirija ya kupulizia, kila mtu na wake. Simwiti trafiki na siandiki jina. Nilitaka mwone kifaa kinavyosema ukilinganisha na mnavyojisikia. Sasa ni saa nne kamili. Kwa hesabu yetu, mdogo wangu wa jaketi jekundu, saa kumi na nne tangu uanze: 252 toa 210, umebakiwa na 42 hivi. Kifaa hiki kinaandika kwa gramu badala ya miligramu, kwa desimali, kwa hiyo tunategemea 0.04. Utakubali kuanza?

Alikubali. Amenikubalia pia niyaandike haya. Alipuliza mpaka kikalia, tukasubiri, skrini ikaandika 0.05. Aliitazama muda mrefu kuliko sisi wote. Akasema bado anajisikia freshi. Akaomba apulize tena, nikambadilishia mrija, ikatoka ileile.

Funguo alimpa dada mmoja wa safu ya nyuma. Pikipiki yake ilibaki pale chini ya mwembe mpaka saa saba mchana, na wanafunzi wa tuisheni aliotakiwa kuwachukua saa tano walichukuliwa na mtu mwingine.